Mshenga Ndani ya Santuri: Dakika Mbili za "She Loves You"

(Hotuba hii ilitolewa mbele ya watunzi, waimbaji na mafundi wa studio. Tumeiweka nzima kwa ajili ya waliokosa nafasi ya kufika.)

Wazee wetu mliokaa mbele, shikamooni. Watunzi, waimbaji, mafundi wa studio, na ninyi wadogo zetu mnaoanza safari hii, habari za jioni.

Jioni hii tuna wimbo mmoja tu mezani. Una dakika 2 na sekunde 21. Ukimimina chai ya moto sasa hivi na kuuwasha, utakwisha kabla hujathubutu kupiga funda la kwanza. Wimbo wenyewe ni "She Loves You" wa The Beatles, vijana wanne wa Liverpool, Uingereza. Waliurekodi tarehe 1 Julai 1963, ukatoka madukani tarehe 23 Agosti mwaka huohuo, kwa lebo ya Parlophone.

Siku wanaurekodi, John Lennon na Ringo Starr walikuwa na miaka 22, Paul McCartney 21, George Harrison 20. Mmesikia umri huo, wadogo zetu? Wengi wenu humu ndani ndiyo miaka yenu. Na hiyo singo yao, yaani santuri ndogo ya wimbo mmoja kila upande, iliuza karibu nakala milioni 1.9 Uingereza peke yake. Kwa takribani miaka 14 hakuna singo iliyowahi kuuzwa zaidi nchini humo, mpaka ilipopitwa na "Mull of Kintyre" ya Wings, bendi ya McCartney yuleyule.

Watu husema, ah, ilikuwa bahati. Watu husema, ni zile nywele. Sisi tunasema hapana. Tunasema ukiufungua wimbo huu kama fundi anavyofungua redio, utakuta kila waya umewekwa mahali pake kwa sababu. Leo tunaufungua.

Tuanze na swali ambalo watunzi wengi hawajiulizi kabisa. Katika wimbo wa mapenzi, anayezungumza ni nani?

Mara nyingi ni "mimi". Mimi nakupenda, mimi naumia, mimi nimeachwa kwenye mataa. Beatles nao walianzia hapo. Singo yao ya kwanza, Oktoba 1962, ni "Love Me Do". Ya pili, Januari 1963, "Please Please Me". Ya tatu, Aprili 1963, "From Me to You". Hesabuni wenyewe: "me", "me", "me". Halikuwa jambo la bahati mbaya. Walikuwa wakiweka viwakilishi hivyo makusudi, ili msichana anayesikiliza chumbani kwake ahisi anaimbiwa yeye. Mbinu ilifanya kazi. Lakini mbinu ukiirudia mara tatu, mara ya nne inakuwa mazoea.

Basi tarehe 26 Juni 1963 walikuwa Newcastle, kaskazini mwa Uingereza, kwa onyesho katika ukumbi wa Majestic Ballroom. Lennon na McCartney wakakaa kwenye chumba cha hoteli, kila mmoja na gitaa lake, wakaanza kutunga. McCartney amesimulia kwamba wazo lake la mwanzo lilikuwa wimbo wa kuitikiana: mmoja anatoa habari, wenzake wanamjibu "yeah, yeah". Sisi tunalijua jambo hilo vizuri, maana nusu ya ngoma zetu zinakwenda hivyo. Wenyewe wakaona halikai sawa, wakaliacha. Ila hawakutupa kila kitu. Ile "yeah" waliibakiza. Na lile la mtu kuleta habari walilibakiza pia.

Na hapo ndipo palipotokea kitu kipya. Anayeimba si mpenzi. Anayeimba ni rafiki. Amekutana na msichana jana, msichana amempa maneno, naye amekuja kuyafikisha kwa kijana aliyekata tamaa. Ndugu zangu, Kiswahili kina neno la mtu wa namna hiyo. Mtu anayebeba maneno ya moyo wa mwingine na kuyafikisha bila kuyamwaga njiani. Ni nani huyo?

Ni mshenga. Wimbo huu ni wimbo wa mshenga, ingawa hapa hakutumwa kuposa, ametumwa kupatanisha.

Sasa tazameni anavyoifanya kazi yake, maana ubeti kwa ubeti anafuata utaratibu ambao mshenga yeyote mwenye busara angeufuata. Ubeti wa kwanza analeta habari njema: wewe unadhani umempoteza, lakini anayekuwaza ni wewe. Ubeti wa pili, baada ya moyo wa kijana kutulia, ndipo anapoleta lawama: ulimuumiza, karibu apotewe na akili. Na hapohapo anaifunika lawama kwa msamaha: sasa anajua wewe si mtu wa kuumiza watu. Ubeti wa tatu ndipo anapotoa neno lake mwenyewe, ushauri: uamuzi ni wako, kiburi nacho kinaumiza, nenda kamwombe radhi.

Habari njema, kisha lawama, kisha ushauri. Geuzeni mpangilio huo muone kitakachotokea. Ukianza na lawama, kijana anajitetea, hasikii tena. Ukianza na ushauri, unakuwa mhubiri, na hakuna anayecheza muziki wa kuhubiriwa. Mpangilio huu ndio unaoufanya wimbo wenye habari ya ugomvi usikike kama sherehe.

Kuna hatari moja ya kuimba habari za "yeye", na watunzi wengi huangukia humo. Wimbo unapoa. Unakuwa taarifa, au mbaya zaidi, unakuwa umbea. Yeye kafanya hivi, yeye kasema vile, na msikilizaji anabaki nje dirishani. Beatles waliikwepaje? Kwa kumweka "wewe" katikati. Mshenga hazungumzi na hadhira juu ya watu wawili. Anazungumza na wewe, uso kwa uso, mwanzo hadi mwisho. Someni jina la wimbo tena: neno la mwisho ni "you". "Me" imeondoka, lakini "you" imebaki palepale, na ndiyo inayomvuta msikilizaji ndani. Kwa hiyo ukitaka kujaribu mbinu hii nyumbani, usibadilishe "mimi" kuwa "yeye" tu ukadhani umemaliza. Tafuta kwanza nani anaambiwa. Kama huyo hayupo, rudi mezani.

Twende mbele. Kiitikio.

Nyimbo nyingi za wakati ule zilianza na utangulizi wa magitaa, kisha ubeti, kisha ndipo kiitikio. Huu unaanza na mbiringiko mfupi wa drams, Ringo akiangukia ile ngoma kubwa inayosimama sakafuni, na papo hapo sauti zinaingia na kiitikio. Hakuna hodi. Kabla sekunde ya pili haijaisha umeshasikia jina la wimbo.

Kwa nini jambo hili lilikuwa na uzito? Kwa sababu singo ya 1963 iliishi redioni na kwenye masanduku ya muziki ya mikahawani, mahali penye kelele za vikombe na mazungumzo. Wimbo usiojitambulisha haraka ulipita kama gari barabarani. Leo mnalalamika kwamba msikilizaji wa simu anaruka wimbo baada ya sekunde chache. Wadogo zetu, tatizo hilo si jipya.

Lakini kuanza na kiitikio kuna gharama yake, na hapa wenye magitaa tegeni masikio. Ukimpa msikilizaji kiitikio mwanzoni, kisha tena katikati, kisha tena mwishoni, unamchosha. Maneno ya kiitikio hiki yanarudiwa mara tatu mfululizo, karibu kwa sauti ileile. Kwa nini hayachoshi?

Siri iko chini, kwenye kodi za gitaa, yaani noti kadhaa zinazopigwa kwa pamoja. Wimbo uko kwenye ufunguo wa G meja. Nyumbani kwake ni G. Lakini kiitikio hakianzii nyumbani. Mara ya kwanza maneno yanapoimbwa, chini yake kuna E maina, kodi yenye ladha ya huzuni. Mara ya pili, maneno yaleyale, chini yake kuna A yenye saba. Mara ya tatu, C. Na G, nyumbani, inafika mwisho kabisa, sauti zinapotua. Waimbaji wamesimama, sakafu ndiyo inayotembea. Pigeni kodi hizo polepole leo usiku: E maina, A yenye saba, C, G. Kisha jaribuni kuimba maneno yote matatu juu ya G tupu. Mtasikia wimbo unavyokufa mikononi mwenu.

Ndani ya beti kuna kodi nyingine tunayoipenda kuliko zote. Beti zinatembea G, E maina, B maina, D, jambo la kawaida. Lakini mshenga anaporudia kwa mara ya pili kwamba msichana anampenda, inaingia C maina. Katika ufunguo wa G, C kwa kawaida ni meja. Wao wameishusha noti moja tu ndani ya kodi, E ikawa E iliyoteremshwa nusu hatua. Nusu hatua moja! Na ghafla katikati ya shangwe kuna kivuli, kama mtu anayecheka huku jicho limelowa. Kama si hicho kivuli, wimbo huu ungekuwa wa furaha tupu, na furaha tupu husahaulika upesi.

Kisha kuna ile "uuu" ya sauti nyembamba, ile waliyoiimba huku wakitikisa vichwa na wasichana wakipiga mayowe. Kelele hiyo waliichota kwa Isley Brothers wa Marekani, ambao wimbo wao wa "Twist and Shout" walikuwa wakiuimba jukwaani. Kuchota si tatizo. Tazameni wameiweka wapi. Mwisho wa ubeti wa kwanza haipo! Ubeti wa kwanza unaingia moja kwa moja kwenye wa pili bila kiitikio na bila "uuu". Wameiwekea akiba. Inakuja mwisho wa ubeti wa pili, ikikusukuma kwenye kiitikio, na tena mwisho wa ubeti wa tatu. Mara mbili basi. Kijana wa leo akipata kitu kitamu namna hiyo anakimwaga kila baada ya mistari minne.

Na hakuna lile daraja la katikati, kile kipande kimoja tofauti ambacho kilikuwa kama sheria ya utunzi wakati ule. Mwanzo wa kiitikio, beti mbili, kiitikio, ubeti, kiitikio na mwisho. Hawakukihitaji, kwa hiyo hawakukiweka.

Sasa, juu ya ile "yeah", kuna visa viwili.

Tarehe 27 Juni, siku ya pili baada ya Newcastle, Lennon na McCartney waliumalizia wimbo nyumbani kwa kina McCartney, mtaa wa Forthlin Road, Liverpool. Baba yake, mzee Jim McCartney, alikuwa chumba cha pili. Mzee huyu alikuwa mwanamuziki, aliwahi kuwa na bendi yake ya jazi ujanani. Wakamwendea wakamwimbia. Mzee akasema ni wimbo mzuri sana, lakini mambo ya Kimarekani yamezidi, hawawezi kuimba "yes, yes, yes"?

Mnacheka, lakini mnamjua mzee huyo. Ni mzazi yuleyule wa kwetu anayemwambia mtoto: usiniitikie "ee", sema "naam". Na kama mzazi, alikuwa sahihi! Kwa adabu ya Kiingereza, "yes" ndiyo neno. Ila jaribuni kulipiga kelele. "Yes" inafungwa na "s", pumzi inakatika kwenye meno, mdomo unafunga. "Yeah" inabaki wazi, inaweza kuvutwa, inaweza kupigwa kelele na ukumbi mzima bila mafunzo. Hata asiyejua Kiingereza anaiimba. Vijana walimheshimu mzee, wakaliacha neno lao lilivyo.

Kisa cha pili ni cha Norman Smith, fundi wa sauti wa studio. Siku ya kurekodi aliiona karatasi ya maneno imewekwa kwenye stendi. Akaisoma: anakupenda yeah yeah yeah, anakupenda yeah yeah yeah. Akajisemea moyoni kwamba huu sitaupenda. Walipoanza kuuimba, alibadilika palepale. Kwa hiyo ninyi maprodyuza mnaotumiwa maneno kwenye simu na kuyahukumu kwa macho, kumbukeni ile stendi. Maneno ya wimbo hayaishi kwenye karatasi. Yanaishi kinywani.

Tumefika studio. Hapa tutakaa kidogo, maana hapa ndipo mafundi wetu wana la kuchukua.

Studio ni ya EMI, kampuni ya santuri yenye lebo ya Parlophone, nambari 3 Abbey Road, London, chumba cha Studio Two. Prodyuza ni George Martin. Kwenye mitambo yuko Norman Smith, na msaidizi wake ni kijana Geoff Emerick. Drams za Ringo ni Ludwig, mpya, alizipata miezi michache kabla. Besi ya McCartney ni Höfner, ile yenye umbo la fidla, aliyoinunua Hamburg mwaka 1961. Vikuza sauti ni Vox.

Na utepe? Utepe una njia mbili tu. Mbili! Leo mtoto mwenye kompyuta ya mkopo ana njia mia na zaidi. Wao walikuwa na mbili: vyombo vyote kwenye njia moja, sauti zote za waimbaji kwenye nyingine, na vyote vinarekodiwa kwa pamoja, watu wakiwa chumba kimoja. Maana yake nini? Maana yake besi na drams na magitaa mawili vikishaingia kwenye njia moja, hutavitenganisha tena milele. Kama besi iko chini, itabaki chini. Kama gitaa limekosea, hakuna kurudia gitaa peke yake, mnarudia wote. Na sauti za waimbaji zinavuja kwenye maikrofoni za vyombo, drams zinavuja kwenye maikrofoni za waimbaji. Kwa hiyo kumiksi kulifanyika kabla ya kurekodi: kwa kusogeza maikrofoni, kwa kumwambia mpiga gitaa apunguze, kwa kuchagua nani asimame wapi.

Emerick amesimulia kwamba siku hiyo Smith alifanya jambo ambalo hakuwa akilifanya. Badala ya kupitisha besi na drams kwa pamoja kwenye kompresa moja, kile kifaa cha kubana sauti zinapopanda, kila kimoja kilibanwa peke yake. Mafundi mnajua tofauti yake. Vikibanwa pamoja, teke la drams linaposhuka linaifinya na besi, na muziki unahema kama mgonjwa. Ukitenganisha, besi inatembea, drams inapiga, hakuna anayemkanyaga mwenzake. Sikilizeni singo zao tatu za kwanza, kisha sikilizeni hii. Chini pamejaa.

Halafu kuna lile tukio la mashabiki. Emerick anaeleza kwamba wasichana waliokuwa wamejazana nje walivunja mlango wa mbele wakaingia jengoni, wakawa wanakimbizana na wafanyakazi kwenye korido huku wakiwatafuta vijana wao wanne. Polisi wakaitwa. Na vijana wenyewe wakaingia kurekodi damu ikiwachemka. Emerick anaamini fujo ile imeingia kwenye utepe. Sisi tunamwamini. Mwendo wa wimbo ni takribani mapigo 150 kwa dakika, na hakuna sehemu ambapo wamelegea.

Hata hivyo hawakuupata wimbo mzima kwa pigo moja. Singo tunayoisikia imeunganishwa vipande vya utepe, utepe unakatwa kwa wembe na kubandikwa. Tarehe 4 Julai ikafanywa miksi ya mono, yaani sauti zote zimeunganishwa kuwa njia moja. Masikio makali husikia rangi ya sauti ikibadilika karibu na ubeti wa tatu. Je, kuna aliyerudisha santuri dukani kwa sababu hiyo? Hakuna. Walichagua vipande vyenye moto kuliko kipande kimoja kisicho na kosa.

Kutoka miksi hadi santuri pana safari, na vijana wengi hawaijui. Utepe wa mono unapelekwa kwenye mashine ya kuchonga. Sindano yenye joto inachonga mchirizi kwenye sahani iliyopakwa laka laini. Sahani hiyo inapakwa fedha, kisha nikeli, na ganda la nikeli linabanduliwa: hilo lina vilima badala ya michirizi. Kutokana nalo inatengenezwa sahani mama, na kutokana na mama zinatengenezwa mihuri ya kugandamizia. Muhuri unachakaa, kwa hiyo wimbo unaouzwa sana unahitaji mihuri mingi. Kazi ya kugandamiza EMI waliifanya kwenye kiwanda chao cha Hayes, magharibi mwa London. Kabla singo hii haijatoka, oda za awali zilikuwa zimefika nusu milioni.

Kikwazo kikubwa hapo ni besi. Mawimbi ya besi ni mapana, yanauyumbisha mchirizi kushoto na kulia. Ukiweka besi nyingi, sindano ya gramafoni ya bei nafuu inaruka, mteja anarudisha sahani. Ndiyo maana wachongaji wa EMI walikuwa wakiibana besi kwa woga. Mnaelewa sasa kwa nini kazi ya Smith pale mwanzoni ilikuwa na thamani? Besi ikishatulizwa na kompresa, inasikika imejaa bila kumtisha mchongaji.

Na sasa jambo la kusikitisha, na tunaomba kila mwenye studio humu alisikie. Ule utepe wa awali wa njia mbili haupo. Miksi ya mono ilipokamilika, utepe ulifutwa, kama ilivyokuwa desturi kwa singo wakati ule. Utepe ulikuwa ghali, singo ilitazamiwa kuishi miezi mitatu, nani angejua? Matokeo yake, wimbo uliouzwa kuliko wote Uingereza katika miaka ya sitini haukuwa na miksi halisi ya stirio, ile yenye sauti tofauti kushoto na kulia. Mwaka 1966 EMI walipotaka kuuweka kwenye mkusanyiko wa stirio, ilibidi wafanye kiini macho: mono ileile, upande mmoja wakapunguza besi, upande mwingine wakapunguza sauti za juu.

Hata wenyewe iliwauma mapema zaidi. Januari 1964 wakiwa Paris, kampuni ya Ujerumani ilitaka nyimbo zao kwa Kijerumani. Kwa "I Want to Hold Your Hand" walichukua muziki uliokwisha kurekodiwa London wakaweka sauti mpya juu yake. Kwa "She Loves You" hapakuwa na kitu cha kuchukua. Tarehe 29 Januari 1964, kwenye studio za Pathé Marconi, ilibidi wakae wanne wapige wimbo wote upya, kutoka mbiringiko wa drams hadi kodi ya mwisho, ndipo ikapatikana "Sie liebt dich". Kabla hujabonyeza kufuta faili za mradi ili kupata nafasi kwenye diski, kumbuka Paris.

La Marekani tutalipitia haraka. Capitol, kampuni ya EMI yenyewe kule, ilikataa kuutoa wimbo. Ukachukuliwa na lebo ndogo ya Swan ya Philadelphia, ukatoka tarehe 16 Septemba 1963, wakati Uingereza ulikuwa namba moja. Ukachezwa kwenye kipindi cha televisheni cha American Bandstand, vijana wa pale wakaupa alama 73, na ukazama bila kishindo. Kisha Februari 9, 1964 Beatles wakasimama kwenye kipindi cha Ed Sullivan mbele ya watazamaji milioni 73, na wimbo huu wakauimba. Tarehe 21 Machi ukawa namba moja Marekani. Sahani ileile ya Swan! Hawakuongeza noti, hawakupunguza noti.

Uingereza kwenyewe lilitokea jambo la aina hiyo. Wimbo ulikaa namba moja wiki nne kuanzia Septemba, ukateremka, tungesema kazi imekwisha. Tarehe 13 Oktoba wakaonekana kwenye televisheni kutoka ukumbi wa London Palladium, Novemba 4 wakaimba mbele ya familia ya kifalme, na mwisho wa Novemba wimbo ukarudi namba moja kwa wiki mbili nyingine. Aliyekuja kuuondoa hapo si mpinzani. Ni wao wenyewe, na "I Want to Hold Your Hand".

Tumebakiza kodi moja, ya mwisho kabisa.

Mwisho wa wimbo sauti tatu zinatua pamoja juu ya G. Lakini Harrison haimbi noti iliyomo ndani ya kodi ya G. Anaimba E, noti ya sita, na kodi inakuwa G yenye sita. Wanakwaya mnajua ladha yake: tamu, imetulia, lakini kuna kitu kimeachwa wazi kama mlango usiorudishwa vizuri. Vijana walipomwimbia George Martin kwa mara ya kwanza studio, aliwaambia mwisho huo ni wa kizamani, unafanana na mipango ya bendi ya Glenn Miller ya miaka ya vita. Na kwa historia ya muziki Martin alikuwa sahihi kabisa. Alisoma muziki, alijua noti hiyo imetoka wapi. Wao hawakujua kwamba ni ya kizamani. Walijua tu kwamba inasikika vizuri, na wakamwambia haibadiliki. Martin akawasikiliza, akaiacha. Tunampa heshima yake kwa hilo, kwa sababu prodyuza mwenye elimu kumsikiliza kijana wa miaka 21 asiyesoma noti si jambo jepesi.

Basi tuuwashe. Zimeni simu kwa dakika 2 na sekunde 21. Ngoma ya sakafuni inaanza, hesabuni kodi nne za kiitikio kwa vidole. Ubeti wa kwanza, visikilizeni vile vivuli vya C maina. Msiingoje "uuu" mapema, haipo hapo. Karibu na ubeti wa tatu, wembe ulipita. Karibu na mwisho yote yanasimama ghafla, sauti zinaning'inia hewani peke yake, msipige makofi bado. Sauti ya kwanza na ya pili fuateni mtakavyo, lakini mwishoni kabisa wote mshikeni Harrison, ile E yake.

Fundi, tafadhali, weka sindano.